Catherine Ndereba na marathoni za joto

Kila anapotajwa Catherine Ndereba, wengi huanzia Chicago. Huanzia tarehe 7 Oktoba 2001, siku alipoikimbia marathoni kwa saa 2, dakika 18 na sekunde 47, akawa mwanamke wa kwanza duniani kushuka chini ya saa 2 na dakika 19. Sina ugomvi na siku hiyo, na rekodi ile ilinifurahisha kama ilivyomfurahisha kila Mkenya. Lakini mimi ni mtu wa Mombasa, nakimbia alfajiri kando ya bahari hii, na kwa macho ya huku naona kwamba ukubwa wa Ndereba umo zaidi katika mbio nyingine: Athens mwaka 2004, Osaka mwaka 2007 na Beijing mwaka 2008. Hizo ni mbio za mashindano makuu, zisizo na waweka kasi, zilizokimbiwa kwenye joto ambalo sisi wa Pwani hatuhitaji kuelezwa. Ndizo zinazoonyesha alivyokuwa mkimbiaji wa subira kuliko wenzake wote, na pia zinaonyesha subira hiyo ilimgharimu nini.

Alizaliwa Nyeri tarehe 21 Julai 1972 na kukulia Gatunganga, mbali na Bonde la Ufa ambako watu hudhani kila mkimbiaji wa Kenya anatoka. Mwaka 1994 aliajiriwa na Idara ya Magereza. Sisi wa Mombasa tukisikia Magereza fikira zetu huenda Shimo la Tewa na kuta zake, lakini katika historia ya riadha yetu idara hiyo, pamoja na polisi na jeshi, imekuwa mlango wa riziki kwa vijana wengi. Mkimbiaji hupata mshahara, hupata wenzake wa kufanya nao mazoezi, na hupata miaka ya kukomaa bila kulazimika kushinda zawadi kila mwezi ili ale. Kutoka hapo Ndereba alianza kwenda Marekani kukimbia mbio fupi za barabarani, akajijengea jina huko kabla jina hilo halijajulikana sana nyumbani. Mwaka 1997 alijifungua binti, na mwaka uliofuata akarudi barabarani.

Jambo hili la mtoto hutajwa kwa sentensi moja tu katika habari nyingi zinazomhusu, nami naona linastahili zaidi ya hapo. Ndereba alikuwa hajakimbia hata marathoni moja alipokuwa mja mzito. Kila kitu ambacho dunia inamkumbukia, kuanzia Boston hadi Beijing, kilikuja baada ya kuwa mama. Kwetu mwanamke akijifungua hukaa ndani siku arubaini, akikandwa kwa maji ya moto, akinyweshwa uji wa pilipili manga na kufungwa mkaja, na hayo ni matunzo mema ambayo nisingependa yapotee. Shida huja baadaye. Arubaini ikiisha, mwili wa mwanamke huwa haujadiliwi tena isipokuwa anapougua au anapobeba mimba nyingine, na miaka hupita bila mtu yeyote, hata yeye mwenyewe, kuuliza mwili huo unaweza kufanya nini. Mimi nilianza kukimbia baada ya kitindamimba wangu kuingia shule, na jirani mmoja mtu mzima, kwa mapenzi kabisa, aliniuliza, “Mwanangu, wakimbilia nini, na watoto washakua?” Sikuwa na jibu la kumridhisha. Nilimweleza kwamba yuko mwanamke wa Nyeri aliyekimbia marathoni yake ya kwanza akiwa tayari ni mama, kisha akashinda nne za Boston.

Marathoni hiyo ya kwanza ilikuwa Boston, Aprili 1999, na alimaliza wa sita. Novemba mwaka huo huo alikuwa wa pili New York. Aprili 2000 alirudi Boston akashinda mbele ya Fatuma Roba wa Ethiopia, bingwa wa Olimpiki wa mwaka 1996, ambaye alikuwa ameutwaa ushindi wa Boston mara 3 mfululizo. Ndereba alishinda tena huko mwaka 2001, 2004 na 2005, idadi ambayo hakuna mwanamke mwingine aliyeifikia katika mbio hizo. Chicago alishinda mwaka 2000 na 2001, na katika hiyo ya pili akaweka rekodi ya dunia, wiki moja tu baada ya Naoko Takahashi wa Japani kuwa mwanamke wa kwanza kukimbia chini ya saa 2 na dakika 20 jijini Berlin.

Rekodi hiyo ilidumu mwaka mmoja na siku chache. Tarehe 13 Oktoba 2002, katika barabara zile zile za Chicago, Paula Radcliffe wa Uingereza alikimbia kwa saa 2:17:18, na Ndereba akawa wa pili. Aprili 2003 wakakutana London; Radcliffe akakimbia kwa saa 2:15:25, muda ambao haukuguswa na mwanamke yeyote hadi mwaka 2019, na Ndereba akawa wa pili tena, zaidi ya dakika 4 nyuma. Wapo walioamini wakati huo kwamba habari yake imekwisha. Alikuwa na umri wa miaka 30, rekodi imemtoka, na aliyemwondoa alikuwa anakimbia kana kwamba anashindana na saa peke yake. Miezi minne baadaye, Agosti 2003, Ndereba alikwenda Paris kwenye Mashindano ya Dunia, ambako Radcliffe hakushiriki, akashinda dhahabu kwa saa 2:23:55. Nyuma yake kwa sekunde 19 alikuwa Mizuki Noguchi wa Japani, jina ambalo tutalikuta tena.

Lazima nieleze tofauti ya mbio hizi, kwa sababu bila kuijua mtu atazilinganisha nyakati na kukosea hukumu. Katika marathoni nyingi za miji mikubwa waandaaji huajiri waweka kasi, yaani wakimbiaji wanaolipwa kuongoza kwa mwendo uliopangwa kisha wakajitoa. Njia huwa tambarare mara nyingi, msimu huwa wa baridi, na mara nyingi mwanamke huweza kukimbia miongoni mwa wanaume wanaomkinga upepo. Mashindano ya Dunia na Olimpiki hayana hayo. Mara nyingi hufanyika Agosti au Septemba, wakati wa kiangazi cha kaskazini mwa dunia, wanawake wakikimbia peke yao, wakitazamana, hakuna anayetaka kuongoza. Hapo anayeshinda ni anayefika mbele ya wenzake, hata kama muda wake ni wa dakika 10 zaidi ya rekodi.

Na joto ni suala la hesabu kabla ya kuwa suala la ujasiri. Sehemu kubwa ya nguvu anayoitumia mkimbiaji haiendi kwenye mwendo. Hugeuka kuwa joto ndani ya mwili, na joto hilo lazima litoke. Njia kuu ya kulitoa ni jasho, lakini jasho halipozi mwili kwa kutoka tu, hupoza kwa kukauka juu ya ngozi. Hewa ikijaa unyevu, kama yetu inavyojaa wakati wa kaskazi, jasho hudondoka bila kukauka, na mtu hupoteza maji bila kupata ubaridi wowote. Wakati huo damu inatakiwa mahali pawili kwa pamoja: misuli inaihitaji ili ifanye kazi, na ngozi inaihitaji ili ilitoe joto nje. Moyo hupiga haraka zaidi kwa mwendo ule ule. Mwendo uliokuwa mwepesi kilomita ya 5 huwa deni linalodaiwa kilomita ya 30, tena kwa riba. Mwili huweza kuzoezwa, kwa muda wa siku 10 hadi 14 hivi za mazoezi kwenye joto, ukaanza kutoa jasho mapema na kuongeza maji katika damu. Hata hivyo hakuna mazoezi yanayoifuta hesabu hiyo. Kila anayekimbia Mombasa mwezi wa Februari ameisoma kwa mwili wake. Sisi hutoka kabla ya jua kuchomoza, na hata hivyo unyevu wa alfajiri hutukuta, nguo zimelowa kabla hatujafika kwenye mibuyu ya Mama Ngina.

Ndiyo maana naziona mbio za Athens kuwa mbio zinazostahili kusimuliwa polepole. Tarehe 22 Agosti 2004 ilikuwa Jumapili, na mbio zilianza saa kumi na mbili jioni kwa saa za Ugiriki, ambazo msimu huo zililingana na zetu. Tuliziangalia nyumbani kwa mamangu Kibokoni, jua la huku likizama na la kule likiwa bado linachoma, kiwango cha joto kikikaribia nyuzi 35. Njia ilitoka mji wa Marathon wenyewe, ikaanza kupanda karibu na kilomita ya 10 na kuendelea kupanda, kwa vipande, hadi baada ya kilomita ya 30, kisha ikateremka kuingia mjini hadi uwanja wa marumaru wa Panathinaiko, ule uliotumika katika Olimpiki ya mwaka 1896. Radcliffe alikuwapo, naye ndiye aliyetarajiwa na wengi kushinda. Alikuwapo Elfenesh Alemu wa Ethiopia, ambaye miezi minne kabla, katika Boston ya joto kali, Ndereba alikuwa amemshinda kwa sekunde 16 tu. Na alikuwapo Noguchi, mwanamke mwenye kimo cha mita 1.50, aliyekuwa amejiandaa kwa mlima.

Noguchi aliondoka karibu na kilomita ya 25, kwenye mwinuko, mahali ambapo mtu mwingine angesema huu si wakati. Waliomfuata walimfuata kwa shida. Ndereba hakuwa miongoni mwao. Alikuwa nyuma, mwendo wake haujabadilika, na kwa dakika nyingi kamera hazikumwonyesha kabisa. Ndugu zangu walianza kukata tamaa. Mamangu, ambaye hakuwahi kukimbia popote maishani mwake lakini alikuwa na jicho la kumtambua mtu mwenye pumzi, aliturudisha kwenye televisheni baada ya swala ya Magharibi na kusema, “Mtazameni huyo wa nyuma. Yuaja.”

Alikuwa anakuja kweli. Mmoja mmoja, waliokwenda na Noguchi walianza kulipa. Radcliffe alisimama baada ya kilomita ya 36, akakaa kando ya barabara akilia, na picha hiyo ilizunguka dunia nzima kuliko picha ya mshindi. Ndereba alikwisha kumpita. Akampita na Alemu. Mbele akabaki Noguchi peke yake, na katika mteremko wa kuingia mjini umbali kati yao ulipungua kila tulipoonyeshwa. Noguchi aliingia uwanjani akiwa na nafasi ndogo mno, akafika kwa saa 2:26:20. Ndereba alifika kwa saa 2:26:32. Sekunde 12.

Nimezifikiria sekunde hizo mara nyingi, hasa ninapokuwa peke yangu barabarani. Ni rahisi kusema kwamba Ndereba alikimbia mbio kamilifu akakutana na mwenzake aliyekuwa na siku njema. Mimi siamini hivyo. Naamini kwamba alikadiria vyema gharama ya mlima ule kwa wote isipokuwa mmoja, na kwamba angeanza kufukuza kilomita moja mapema angemfikia. Lakini pia najua kwamba anayesema hivyo anasema akiwa ameketi. Ndereba hakuweza kujua, kilomita ya 25, kama Noguchi angebaki mzima au angeketi kando ya barabara kama Radcliffe. Alichokuwa nacho ni ujuzi wa mwili wake mwenyewe, na alikataa kuusaliti kwa sababu ya mwili wa mtu mwingine. Uamuzi huo ndio uliomwokoa na yaliyompata Radcliffe, na ndio uliomnyima dhahabu. Ulikuwa uamuzi mmoja.

Sitaki niwe mkali kwa Radcliffe. Mwaka uliofuata, Helsinki, ambako hali ya hewa ilikuwa ya kawaida, aliongoza tangu mwanzo na kushinda Mashindano ya Dunia kwa saa 2:20:57, na Ndereba, kwa saa 2:22:01, alipata fedha. Hakuna mbinu iliyoshindwa siku hiyo. Mwenye kasi zaidi alishinda, kama inavyopaswa kuwa pale hali ya hewa inaporuhusu.

Mwaka 2007 joto lilikuja kwetu. Tarehe 24 Machi, Mombasa iliandaa Mashindano ya Dunia ya Mbio za Nyika katika uwanja wa gofu ulio kando ya bahari, mwisho kabisa wa kaskazi, masika yakiwa bado hayajaanza. Ndereba hakukimbia siku hiyo. Yeye alikuwa mtu wa barabarani. Lakini nataja mbio hizo kwa sababu ndizo zilizotufundisha watu wa mji huu kuona kwa macho yetu kile ambacho televisheni haionyeshi. Kenenisa Bekele wa Ethiopia, aliyekuwa ameshinda mbio ndefu za mashindano hayo miaka 5 mfululizo, alijitoa kabla ya kumaliza, na Zersenay Tadese wa Eritrea akashinda. Katika mbio za wanawake alishinda Lornah Kiplagat, mzaliwa wa Kenya aliyekuwa akiikimbilia Uholanzi, akimwacha nyuma Tirunesh Dibaba. Linet Masai wetu alishinda mbio za wasichana. Nilikuwa kwenye umati uliojaa kando ya kamba, na nilichokishika zaidi ni nyuso: wakimbiaji wa kiwango cha juu kabisa duniani walipita mbele yetu wakiwa na sura ileile ya mwanamke aliyebeba mzigo kutoka kivukoni Likoni saa sita mchana. Hapo nilielewa kwamba joto halimheshimu bingwa. Humtaka alipe kama wengine.

Miezi mitano baadaye Ndereba alikuwa Osaka. Mbio za Mashindano ya Dunia zilianza saa moja asubuhi ya tarehe 2 Septemba, ambayo kwetu ilikuwa saa saba usiku, na ingawa ilikuwa asubuhi joto na unyevu vilikwisha tanda. Hakuna aliyethubutu kuondoka mapema. Kundi lilikwenda pamoja kilomita baada ya kilomita, likipungua polepole, mpaka zilipobaki kilomita chache na wanawake wachache. Ndereba aliwaacha hapo. Alimaliza kwa saa 2:30:37, sekunde 8 mbele ya Zhou Chunxiu wa China, na Reiko Tosa wa Japani akawa wa tatu mbele ya watu wake. Muda ule ulikuwa wa polepole kuliko wa bingwa yeyote wa dunia wa wanawake kabla yake, na ulibaki hivyo hadi Doha mwaka 2019, ambako mbio zilianza karibu na saa sita usiku ili kukwepa jua na bado, kati ya wanawake 68 walioanza, 28 hawakumaliza. Ruth Chepngetich alishinda huko kwa saa 2:32:43. Mtu asiyejua atasoma 2:30:37 na kudhani Ndereba alikuwa amechoka. Alikuwa na umri wa miaka 35, na asubuhi hiyo alikuwa mwanamke wa kwanza kushinda marathoni ya Mashindano ya Dunia mara mbili. Kwa maoni yangu hizo ndizo mbio zake bora kabisa, kuliko Chicago, kwa sababu kila mmoja pale alijua kwamba lazima asubiri, na yeye akawashinda wote katika kusubiri.

Kisha Beijing. Tarehe 17 Agosti 2008, saa moja u nusu asubuhi kule, saa nane u nusu usiku huku. Karibu na nusu ya njia Constantina Dita wa Romania, mwenye umri wa miaka 38, aliongeza mwendo akaondoka, na kundi zima likamtazama akienda. Kila mmoja alimngojea mwenzake afukuze. Ndereba naye alingoja. Safari hii aliyeondoka hakuchoka vya kutosha: Dita alishinda kwa saa 2:26:44. Nyuma yake Ndereba na Zhou Chunxiu waliingia uwanjani pamoja, na Ndereba, mwenye miaka 36, akamshinda Mchina huyo kwa sekunde moja mbele ya watu wa nyumbani kwake, saa 2:27:06 kwa 2:27:07. Fedha nyingine. Ukijumlisha Athens na Beijing, Ndereba alikimbia zaidi ya kilomita 84 za Olimpiki na akakosa dhahabu mbili kwa jumla ya sekunde 34.

Inaniuma jinsi fedha hiyo ya Beijing ilivyopita. Siku moja baadaye Pamela Jelimo alishinda mita 800 na kuwa Mkenya wa kwanza mwanamke kupata dhahabu ya Olimpiki, na furaha ile ilikuwa ya haki. Wiki moja baadaye Samuel Wanjiru alishinda marathoni ya wanaume kwa saa 2:06:32, dhahabu ya kwanza ya Kenya katika marathoni ya Olimpiki, naye alikimbia kwa kushambulia tangu mwanzo, kwenye joto, kinyume kabisa cha kila nilichokieleza hapa. Mbio za Wanjiru zilinitatiza na bado zinanitatiza. Zilionyesha kwamba yuko anayeweza kuidharau hesabu ya joto na kushinda, kama ana mwili wa namna ile na umri wa miaka 21. Lakini baina ya dhahabu hizo mbili, mwanamke aliyeleta nishani ya pili mfululizo ya marathoni ya Olimpiki alitajwa kwa haraka, kama mtu aliyekosa kitu, wala si kama mtu aliyepata. Kabla yake ni Joyce Chepchumba peke yake, mwenye shaba ya Sydney mwaka 2000, aliyekuwa ameiletea Kenya nishani ya marathoni ya wanawake katika Olimpiki.

Huku Pwani msichana anayependa masafa marefu huambiwa mapema kwamba hizo ni mbio za watu wa bara. Sababu inayotolewa ni mwinuko wa nchi: Iten iko juu zaidi ya mita 2,000, hewa yake ni nyepesi, na damu ya anayeishi huko hubeba oksijeni vizuri zaidi. Ni kweli, na siwezi kumdanganya mtoto wa Tudor au wa Changamwe kwamba bahari inampa kitu cha aina hiyo. Ninachomwambia ni kwamba nishani za marathoni hushindaniwa mara nyingi katika hewa inayofanana na yake kuliko ya Iten, na kwamba mwili wake umezoea tangu utoto kile ambacho wengine huenda kambini kukitafuta. Hilo halimfanyi bingwa. Humfanya aelewe anachokitazama, na humpa sababu ya kujaribu kabla hajakatazwa.

Katika kikundi chetu cha wanawake, ambacho wengine hukimbia kwa hijabu na mikono mirefu na wengine hutembea kwa dera hadi miguu ikubali kukimbia, mbio za Ndereba huzungumzwa sana kuliko za mtu mwingine. Tunatoka Ngome ya Yesu, tunaufuata ukingo wa bahari hadi karibu na kivuko cha Likoni na kurudi. Anayeanza kwa kasi tunamwacha aende, na mara nyingi tunamkuta mbele akitembea. Ila mmoja wetu, mwalimu wa hesabu, huuliza kila mara swali ambalo Athens na Beijing ziliacha: je, utajuaje ni nani wa kumwacha aende na ni nani usimwache? Nadhani Ndereba mwenyewe alilijibu vizuri mara mbili, Paris na Osaka, na mara mbili jibu lake likakaribia bila kufika.

Dhahabu aliyoikosa ilikuja Kenya baada yake, kwanza kwa Jemima Sumgong huko Rio mwaka 2016, aliyepatikana na dawa iliyopigwa marufuku mwaka uliofuata, kisha kwa Peres Jepchirchir tarehe 7 Agosti 2021. Mbio hizo za pili ndizo zinazonirudisha kwa Ndereba. Zilikuwa zimehamishwa kutoka Tokyo hadi Sapporo kukwepa joto, nalo joto likazifuata huko, hata usiku wa kuamkia mbio waandaaji wakauwahisha mwanzo kwa saa nzima, ukawa saa kumi na mbili asubuhi. Kama Athens, mwenye rekodi ya dunia alikuwapo: Brigid Kosgei, aliyeivunja ile ya Radcliffe kwa saa 2:14:04 katika Chicago ya mwaka 2019. Jepchirchir alikaa kundini tangu mwanzo, akinywa maji katika kila kituo, na kila aliyeongeza mwendo alikwenda naye bila kumpita. Walibaki wanne, kisha watatu, kisha yeye na Kosgei. Katika kilomita chache za mwisho aliongeza mwendo na kumaliza kwa saa 2:27:20, polepole kuliko Ndereba alivyokimbia Athens na Beijing, sekunde 16 mbele ya Kosgei. Alisubiri kwa muda mrefu kama Ndereba, lakini hakumruhusu mtu yeyote aondoke kilomita ya 20 wala ya 25.